Kutoka KFAT mpaka KPIG: stesheni ya rock ya mji mdogo ni mali ya nani?

Ukitaka kufuatilia historia ya stesheni ya rock ya mji mdogo kule Marekani utachoka mapema, manake jina linabadilika, masafa yanabadilika, kampuni inauzwa kwa kampuni nyingine, watangazaji wanahamia mji wa pili na bado wasikilizaji wanakwambia hii ni ileile tuliyoizoea, huku kwenye masafa ya zamani wameshakaa watu wengine kabisa wanapiga muziki mwingine kabisa, na kwenye makaratasi ya serikali hao wageni ndo waendelezaji halali wa stesheni ya mwanzo. Nani mkweli hapo? Wote wawili, kila mmoja anaongelea kitu tofauti.

Vitu vyenyewe ni vitatu na watu wanavichanganya kila siku. Kuna leseni, yaani ruhusa ya kutumia masafa fulani kwa ajili ya mji fulani. Kuna fomati, yaani aina ya muziki na namna ya kuupanga. Halafu kuna watu, wale madj na ladha yao na sahani zao. Leseni inauzwa. Fomati inabadilishwa usiku mmoja. Watu hawauziki pamoja na mnara, ndo maana hadithi inakatika vipande vipande.

Mfano ninaoupenda kuliko yote ni wa Gilroy, California. Gilroy ni mji wa mashamba kusini ya San Jose, sifa yake kubwa ni kitunguu saumu, mpaka mwaka 1979 wakaanzisha tamasha la kila mwaka la kitunguu saumu na watu wakawa wanasafiri kwenda kula. Hapo mjini, katikati ya mwaka 1975, masafa ya 94.5 FM yakaanza kurusha kitu kinaitwa KFAT. (Hizo herufi zina kanuni yake, kwa kawaida stesheni za magharibi ya mto Mississippi zinaanza na K na za mashariki zinaanza na W, zipo chache zilizorithi herufi kabla kanuni haijakaa sawa.)

Nyuma ya KFAT kulikuwa na jamaa wawili, Lorenzo Milam na Jeremy Lansman. Hawa hawakuwa wageni kwenye redio. Milam alianzisha KRAB ya Seattle mwaka 1962, stesheni ya kujitolea iliyokuwa inapiga muziki wa dunia nzima wakati hakuna mwingine anayethubutu, kisha wakawa pamoja kwenye KDNA ya St. Louis ambayo waliiuza mwaka 1973 kwa zaidi ya dola milioni 1. Desemba 1974 waliandika ombi kwa FCC, ile mamlaka ya mawasiliano ya Marekani, namba ya ombi ni RM-2493, wakilalamika kwamba masafa yaliyotengwa kwa ajili ya elimu yanachukuliwa na taasisi za dini na za serikali, wakaomba leseni mpya za namna hiyo zisimamishwe kwanza zichunguzwe. FCC ikalikataa tarehe 1 Agosti 1975, kesi ikaisha. Ila uvumi ukaanza kwamba eti yule mwanamke maarufu wa kupinga dini, Madalyn Murray O'Hair, anataka kufuta vipindi vyote vya dini redioni, wakati yeye hakuhusika hata kidogo, na barua zikamiminika FCC kwa miongo, zaidi ya milioni 30, watu wanapinga ombi ambalo lilishatupwa zamani. Nimeleta hii manake inakuonyesha hawa jamaa walikuwa wa aina gani: kwao masafa ni mali ya umma, anayepewa anadaiwa.

Sasa ingia KFAT yenyewe. Studio ilikuwa ghorofani katikati ya mji, na hakukuwa na mtu anayempangia DJ cha kupiga. Saa moja ungeweza kusikia country ya kale, ikafuata bluegrass (muziki wa banjo na fidla wa milimani), ikafuata rock nzito ya gitaa, blues, muziki wa Hawaii, kipande cha vichekesho, afu wimbo ambao stesheni nyingine ingeogopa kuugusa kwa sababu ya maneno yake. Habari zilikuwa na mtu wao, Travus T. Hipp, ambaye hakusoma habari tu, alizitolea maoni bila kupunguza makali. Jumapili palikuwa na bluegrass ya Cuzin Al. Walikuwa pia na shoo ya laivu iliyoitwa Fat Fry, bendi zinapiga ukumbini Keystone pale Palo Alto na redio inarusha. Na moyo wa muziki wote alikuwa Laura Ellen Hopper, mkuu wa muziki, huyu mkumbuke.

Kwanini stesheni ya mji wa vitunguu isikike mpaka San Jose na Santa Cruz na Monterey? Hapa fizikia inaingia kidogo. FM haipindi pindi kama AM, ile ya masafa ya kati, yenyewe inasafiri karibu mstari mnyoofu, kwa hiyo urefu wa antena una maana kuliko hata nguvu ya transmita. Weka antena chini bondeni utasikika mtaani kwako, ipandishe mlimani inaona mabonde yote. Upande wa magharibi wa Gilroy kuna milima ya Santa Cruz, kilele cha Loma Prieta peke yake kina zaidi ya mita 1,100, na antena ya KFAT ilikuwa huko juu. Huo mlima ndo ulioipa KFAT umaarufu, na nadhani huo mlima pia ndo ulioiua, manake masafa ya mji mdogo yanayofika mji mkubwa yana bei ya mji mkubwa.

Kabla sijafika kwenye kifo chake turudi nyuma kidogo, lazima ujue hiyo redio ya kujiachia ilitoka wapi na classic rock, yaani fomati ya kupiga rock ya zamani tu, ilizaliwaje, manake watu wanadhani ni kitu kimoja na ni vitu vinavyopingana.

Mpaka miaka ya 1960 FM ilikuwa ya wachache, wenye stesheni walikuwa wanachukua matangazo ya AM na kuyarudia tu kwenye FM. Mwaka 1964 FCC ikaweka kanuni kwamba kwenye miji mikubwa FM isirudie AM zaidi ya nusu ya muda. Ghafla wenye kampuni wana masaa ya hewani hawajui wayajaze na nini, na yakijazwa hovyo hakuna hasara kubwa, basi vijana wakapewa. Aprili 1967 Tom Donahue akaanza kwenye KMPX ya San Francisco kupiga nyimbo ndefu za albamu, wimbo wa dakika kumi unapigwa wote, DJ anaongea kama binadamu wa kawaida, hakuna kelele. Ikasambaa nchi nzima. Yaani uhuru ule haukutoka kwenye falsafa peke yake, ulitoka kwenye nafasi tupu ambayo hakuna aliyekuwa ameiwekea bei.

Bei ilipokuja mambo yakageuka. Kuelekea mwisho wa miaka ya 1970 FM ikaipita AM kwa wasikilizaji, pesa ya matangazo ikahamia huko, na pesa haipendi kubahatisha. Wakaja washauri, mashuhuri wao ni Lee Abrams, wakisema msimwachie DJ, tumieni utafiti, pigeni nyimbo za albamu zilizothibitishwa. Hiyo ndo ikaitwa AOR, rock ya albamu iliyopangwa. KSAN ya San Francisco, ambayo watu wa Donahue walihamia mwaka 1968 na ikawa kama makao makuu ya redio huru, mwaka 1980 ikabadilishwa ikawa ya country.

Mwaka huohuo wa 1980, kule Cleveland, stesheni ya M105 ikaanza kujitangaza kama "classic rock" ya Cleveland, ila bado ilichanganya na nyimbo mpya. Mtu aliyeifanya iwe bidhaa kamili ni mshauri Fred Jacobs wa Michigan. Wazo lake lilikuwa rahisi: vijana waliokua na rock ya miaka ya 1960 na 1970 sasa ni watu wazima, wana kazi, wana pesa, na stesheni za rock bado zinawakimbizia nyimbo mpya ambazo hawazitaki. Wape zao wenyewe tu, usiwape mpya hata moja. Stesheni kubwa zilimkatalia kwanza. Iliyomkubalia mapema, mwaka 1985, ilikuwa WMMQ ya eneo la Lansing, Michigan, soko dogo. Ilipofanya vizuri huko miji mikubwa ikafuata mbio. Kwa hiyo classic rock kama biashara imepita kwenye mji mdogo kwanza, hilo watu wengi hawalijui.

Na kwa nini ukisikiliza classic rock unasikia nyimbo zilezile? Kuna sababu ya kiufundi. Stesheni inakusanya watu ukumbini, labda mia moja au zaidi, wa umri ule ambao watangazaji biashara wanautaka, wanapewa karatasi au kifaa cha kubonyeza, wanapigiwa vipande vya sekunde kama saba mpaka kumi, kile kipande kinachotambulika zaidi cha kila wimbo, mamia ya vipande kwa kikao kimoja, na kila kimoja wanakipa alama. Fikiria sasa. Sekunde saba unaweza kutambua wimbo unaoujua, huwezi kupenda wimbo usioujua. Kipimo chenyewe kinamchuja kila asiyefahamika, na wimbo uliochujwa hausikiki, na usiposikika mwaka unaofuata unafahamika kidogo zaidi. Ukirudia hivyo miaka ishirini, bendi iliyokuwa na albamu kumi inabaki na nyimbo tatu. Mimi sina ugomvi na nyimbo zenyewe, nyingi ni nzuri mno na ndo maana zimedumu, ugomvi wangu ni na ile sekunde saba.

KFAT ilikuwa kinyume cha hayo yote, na biashara haikuwahi kuwa rahisi kwao. Januari 1983 ikazimwa. Masafa ya 94.5 yakachukua jina la KWSS, muziki wa pop unaovuma, na shabaha ikawa San Jose.

Hapa ndo panapochanganya kisheria. Leseni ni kama fremu ya duka. Muuza vitambaa akiondoka na vitambaa vyake, fremu inabaki palepale na namba yake, anaingia muuza simu, na kwenye rejista ya mwenye jengo hakuna kilichokufa. Ndo maana kwa FCC 94.5 ya leo ni ileile iliyobeba KFAT. Baada ya KWSS, kwenye miaka ya 1990 fremu ileile ikabeba K-FOX, stesheni ya classic rock kabisa, kisha K-FOX ikahamia masafa mengine na 94.5 ikawa KBAY. Yaani masafa yaliyoanza kwa kupiga rock bila orodha, yakaja kupiga rock kwa orodha. Anayesema "94.5 ilikuwa stesheni yangu ya rock" inabidi umuulize ya mwaka gani.

Na mpaka KBAY leseni bado ni ya Gilroy. Sheria ya mawasiliano ya Marekani ya mwaka 1934 inasema masafa yagawanywe kwa haki kati ya majimbo na jamii mbalimbali, kwa hiyo kila stesheni inaandikishwa kwa mji wake, na mji mdogo ukipewa stesheni yake ya kwanza hiyo ni hoja yenye nguvu mbele ya FCC. Nia ni nzuri kabisa. Kwetu Tanzania nako TCRA inatoa leseni kwa ngazi, kuna ya wilaya, kuna ya mkoa, kuna ya taifa, wazo si geni. Shida ni kwamba kuandikishwa Gilroy na kuihudumia Gilroy ni mambo mawili, kisheria unatakiwa mawimbi yaufikie mji vizuri, pesa ukaitafute San Jose, na stesheni nyingi Marekani zimekaa hivyo, jina la mji mdogo kwenye makaratasi na matangazo ya magari ya mji mkubwa hewani.

Sasa turudi kwa watu, manake wao hawakuyeyuka. Baadhi yao walipita KHIP, stesheni ya mji wa Hollister hapo jirani, na mwaka 1988 Laura Ellen Hopper na wenzake wakaanza upya kwenye 107.5 FM, leseni ya Freedom, kijiji karibu na Watsonville upande wa pwani, eneo la mashamba ya stroberi na tufaha. Wakaiita KPIG, nembo nguruwe. Sauti za zamani, Cuzin Al akiwemo, zikarudi. Muziki uleule wa kuchanganya, rock ya zamani na country na blues na folk, DJ anachagua mwenyewe akiwa hewani. Ukimuuliza msikilizaji wa KFAT stesheni yake ilienda wapi hatakwambia 94.5, atakwambia ilienda Freedom. Kisheria hakuna uhusiano wowote kati ya leseni hizo mbili, kimuziki ni damu moja.

Afu Agosti 1995, hiyo stesheni ndogo ya kijijini ikafanya kitu ambacho mitandao mikubwa ya redio ilikuwa haijafanya: ikaanza kurusha matangazo yake laivu saa 24 kwenye intaneti. Redio za vyuo ziliitangulia, WXYC ya chuo kikuu cha North Carolina ilianza Novemba 1994, ila kwa stesheni za biashara KPIG ndo inatajwa kuwa ya kwanza. Aliyesimamia ni Bill Goldsmith, kwa kutumia programu ya StreamWorks. Kumbuka intaneti ya 1995 ilikuwa ya simu ya waya, modemu inalia kwanza dakika nzima, sauti inakuja hafifu kama ya simu. Watu walisikiliza hivyohivyo kutoka mabara mengine, kwa sababu huko walipo hakuna redio ya namna ile. Leo Mtanzania akiwa Minnesota anafungua redio ya Mwanza kwenye simu kama kitu cha kawaida tu, njia hiyo ilikanyagwa na stesheni kama hizi.

Kikaja kikwazo cha mirabaha, na hii ndo sehemu ngumu kuliko zote, twende taratibu. Kila wimbo una haki mbili. Moja ni ya mtunzi, maneno na melodia. Nyingine ni ya rekodi yenyewe, msanii aliyeimba na kampuni iliyorekodi. Redio ya kawaida ya Marekani inamlipa mtunzi, kupitia vyama kama ASCAP na BMI, ila kwa rekodi hailipi hata senti, hoja yao ya miaka yote ni kwamba redio inamtangaza msanii bure. Marekani iko karibu peke yake kati ya nchi tajiri kwa hilo. Zilipokuja sheria za 1995 na 1998 za muziki wa kidijitali, Bunge likasema intaneti italipia zote mbili. Kwa hiyo DJ mmoja, wimbo mmoja, kipaza sauti kimoja: ukitoka kwenye mnara rekodi ni bure, ukitoka kwenye kompyuta unadaiwa.

Kiwango kikatangazwa Juni 2002, senti 0.07 kwa kila wimbo kwa kila msikilizaji, tena kihesabiwe kurudi nyuma mpaka Oktoba 1998. Inasikika ndogo. Piga hesabu: nyimbo 15 kwa saa ni senti 1.05 kwa msikilizaji mmoja. Wasikilizaji 1,000 wakiwepo muda wote ni dola 10.50 kwa saa, dola 252 kwa siku, karibu dola 92,000 kwa mwaka. Kwa stesheni ambayo matangazo yake ni ya baa na maduka ya vyombo vya muziki ya wilayani, wakati msikilizaji wa Tokyo hawezi kwenda kwenye baa hiyo, hela itoke wapi? Yaani kadiri unavyopendwa ndivyo unavyofilisika. Julai 2002 KPIG ikazima mtandao wake. Ilirudi baadaye kwa njia ya kulipia. Goldsmith mwenyewe alishaanzisha Radio Paradise mwaka 2000, ya intaneti tupu, inayoishi kwa michango ya wasikilizaji bila tangazo hata moja, na ipo mpaka leo.

Wakati huo upande wa minara napo hapakuwa shwari. Sheria ya Februari 1996 iliondoa ukomo wa idadi ya stesheni ambazo kampuni moja inaweza kumiliki nchi nzima, kabla ya hapo ilikuwa 40, na miaka michache tu baadaye kampuni ya Clear Channel ilikuwa na zaidi ya 1,200. Stesheni za miji midogo zikanunuliwa kwa mafungu. DJ mmoja akawa anarekodi sauti yake kwa ajili ya miji mitano ambayo hajawahi kukanyaga. Hata hivyo kilibaki kitu kimoja cha kuilinda miji, kanuni kwamba stesheni lazima iwe na studio yake kuu ndani au karibu na mji wa leseni, mlango ambao mwenye mji anaweza kugonga. Oktoba 2017 FCC ikaifuta, hoja ikiwa kwamba siku hizi kuna simu na intaneti. Mimi hapo sikubaliani nao kabisa. Moto wa msitu ukiwaka usiku au mto ukifurika, mtu wa mji anahitaji sauti inayojua barabara gani imefungwa, na sauti iliyorekodiwa Jumanne mji mwingine haiwezi kujua.

Hopper alifariki mwaka 2007, akiwa bado ndo mwenye kuamua sauti ya KPIG iweje. KPIG yenyewe ilishauzwa kwa kampuni kubwa kidogo kabla ya hapo, na ingeweza kabisa kufuata njia ya 94.5. Haikufuata. Iliendelea kuwaachia madj wake wachague nyimbo, na wasikilizaji wake wa mbali wakakubali kulipia kila mwezi kusikiliza redio ya kijiji ambacho wengi wao hawajawahi kufika.